Mgonjwa Niliyemtunga Mwenyewe

Mara ya mwisho mlinikuta jikoni kwangu, simu ya ofisi iko mkononi mwa mke wangu, nami nimetoa macho kama mtu aliyeona mwizi dirishani. Kwa aliyekosa sehemu ile nitarudia kwa kifupi. Aibu yenyewe nimeshaizoea.

Mimi ni mjaribu wa programu za simu. Wengine wanaziandika, mimi nazibonyeza. Kama zinahesabu sawasawa, hilo ni la wenzangu. Langu ni kuangalia kama mtu wa kawaida, aliyechoka, mwenye vidole vya mafuta na mtoto anayelia pembeni, anaweza kuzitumia bila kutukana. Nazibonyeza kwa mkono wa kushoto, nazibonyeza juani, nazibonyeza nikiwa nimevua miwani. Halafu nawakalisha watu wageni mbele yangu, nawapa simu na kuwatazama vidole, na siruhusiwi kuwasaidia hata wakinitazama kwa macho ya kuomba.

Kazi hii humharibu mtu. Ukishazoea kuangalia vidole, huwezi tena kuwaamini watu kwa midomo yao. Anayeona ukurasa kwa mara ya kwanza lazima asite. Kidole kinaning'inia, kinatafuta, kama mgeni anayetafuta choo kwenye nyumba ya watu. Asiyesita ameshawahi kufika.

Programu yenyewe ni ya kliniki ya wajawazito. Mama anapanga siku ya kuja, anakumbushwa, anaambiwa mtoto amekua kiasi gani. Bado haijatoka. Iko ofisini kwetu, na iko katika kliniki moja tu iliyokubali kuijaribu, ambayo inapokea wale tu walioandikishwa mwanzoni. Waliochelewa wanarudishwa getini.

Nilileta simu ya ofisi nyumbani, nikamwomba mke wangu abadilishe siku ya miadi. Kitufe cha kubadilishia kilikuwa kimefichwa vibaya, chini kabisa, nyuma ya picha ya mume wa mgonjwa. Kila niliyemkalisha ofisini alihangaika mpaka akakata tamaa. Mke wangu alikigusa papo hapo, huku akinieleza kwamba gesi imekwisha.

"Umejuaje?" nilimuuliza.

"Nimejuaje nini?"

"Pa kubonyeza."

"Si umesema nitafute? Nimetafuta, nimepata. Gesi je?"

Akanirudishia simu, akaenda zake uani kuanua nguo. Mimi nikabaki nimesimama na simu mkononi.

Nikaanza kumtafuta mwalimu wake. Aliyemwonyesha programu ile alikuwa mtu wa ofisini kwetu, hilo halikuwa na ubishi, na ofisini kwetu mtu mmoja tu anajua njia ya nyumbani kwangu.

Tunamwita Kizibao, kwa sababu jua liwake, mvua inyeshe, kizibao hakimtoki kifuani. Yeye ndiye anayeiandika programu hiyo. Aliwahi kuja kwangu kunitengenezea intaneti, kazi ndogo tu, akakaa mpaka birika la chai likakauka. Anamwita mke wangu shemeji kwa sauti niliyokuwa siipendi hata kabla ya mambo haya. Siku ile alimsifia macho. "Shemeji ana jicho kali," alisema, "angefaa kazi yako." Nilicheka. Sasa nilipoyakumbuka maneno yale sikuona cha kuchekesha.

Asubuhi nikaenda moja kwa moja kwenye meza yake.

"Kile kitufe cha kubadilisha siku," nikamwambia, "kihamishe. Kitoe kule chini, kiweke juu kabisa. Mtu akigusa tarehe yenyewe, ifunguke."

"Umeandika maombi?"

"Nitaandika. Wewe kihamishe kwanza, na usimwambie mtu."

"Hata meneja?"

"Hata meneja."

Akanitazama toka juu mpaka chini. "Wewe siku hizi una nini?"

"Kazi," nikasema.

Kwa hiyo tulikuwa watu wawili tu tuliojua kitufe kimehamia wapi. Mke wangu akijua, basi atakuwa amejua kwa Kizibao. Niliona nimetega mtego wa kisomi. Niliporudi nyumbani nilitembea kama hakimu anayeingia mahakamani.

Nikamkuta anakunja nguo kitandani. Nikajitia hamnazo, nikampa simu.

"Nisaidie tena kidogo. Badilisha siku."

Sikupepesa macho. Kidole chake kikaenda juu, kwenye tarehe. Hakikupita hata karibu na ile picha ya mume.

"Afadhali mmekihamisha," akasema. "Kule chini kilikuwa kinakera."

Kinakera. Mtu hakerwi na kitufe alichokibonyeza mara moja. Damu ikanipanda kichwani, na mtego wangu wa kisomi nikautupa kule.

"Anakuonyesha lini?"

"Nani?"

"Usinifanye mtoto. Kizibao."

Alikuwa ameshika shati langu. Akalikunja mpaka mwisho, mikono ndani, kola juu, akaliweka juu ya mengine, ndipo akanigeukia.

"Kwa hiyo ulikuwa unanitega."

"Nilikuwa najaribu programu."

"Ulikuwa unanijaribu mimi."

"Jibu nililokuuliza."

"Nitajibu," akasema. "Kaa."

Sijazoea kuambiwa kaa kwa sauti ile. Nikakaa juu ya nguo zilizokunjwa, na hakunikemea, ndipo nikajua mambo ni mazito.

Akachukua simu yake mwenyewe, akabonyeza karibu bila kuangalia, akanipa. Programu yetu ilikuwa imefunguka. Si ile ya ofisini. Ni ile hasa ya kliniki. Juu imeandikwa "Karibu tena", na baada ya hapo jina refu lililojaza mistari miwili. Chini ya jina, picha yangu.

Hapa lazima niwatambulishe Bi Majina.

Kabla programu haijapelekwa kliniki, sisi wajaribu hutunga wagonjwa. Huwezi kujaribu kliniki isiyo na watu. Kila mmoja wetu alitunga wake, na mimi nilitunga mmoja mwenye majina matano marefu yanayofuatana, kwa sababu nilitaka kuona kama jina litamwagika nje ya kisanduku chake. Wenzangu wakambatiza Bi Majina. Nilimpa mimba, maana bila mimba programu haimfungulii mtu. Mume alitakiwa awe na picha, na picha nzuri ya mwanamume niliyokuwa nayo kwenye simu ilikuwa yangu mwenyewe. Namba ya simu nayo ilitakiwa iwe inayopokea ujumbe. Yangu nilikuwa nimeshampa mgonjwa mwingine, nikaweka ya mke wangu. Muulize mjaribu yeyote. Atakuwa na mama, dada au mke ambaye namba yake imezaa wagonjwa asiowajua.

Wagonjwa hao walitakiwa wafutwe kabla ya akina mama wa kweli kuandikishwa. Kazi ya kuwafuta ilikuwa ya Kizibao.

Basi nikaelewa yote kwa mpigo. Bi Majina hakufutwa. Programu ilipoanza kazi kliniki, ikaanza kumtumia mke wangu habari za Bi Majina, naye akaingia kwa namba yake mwenyewe na kuanza kumchunguza. Na kitufe nilichokihamisha ofisini kilikuwa kimehama na kule kliniki. Hakuna aliyemwonyesha chochote. Kizibao hakuhusika. Mzigo ukanitoka mabegani, nikafanya kosa ambalo mpaka leo nalijutia. Nikacheka.

"Unacheka," mke wangu akasema.

"Mke wangu, huyu mwanamke hayupo. Nimemtunga."

"Umemtunga."

"Kazini. Ni wa majaribio."

"Umemtunga mwanamke, ukampa mimba, ukabandika picha yako kuwa ndiye mumewe, halafu ukatoa namba yangu niletewe habari zake."

"Ukilisema hivyo linasikika vibaya."

"Haya, liseme wewe vizuri nisikie."

Nikajaribu. Nikamweleza habari ya kisanduku na jina refu, nikamweleza habari ya picha, nikamweleza kwa nini namba yangu ilikuwa imeshatumika. Yote yalikuwa kweli tupu, na kadiri nilivyoendelea ndivyo nilivyojisikia mwongo. Kama angekuwa mtu mwingine ananieleza mimi habari ile, nisingemwamini hata nusu.

Akanikatiza. "Ujumbe wa kwanza ulisema mtoto wetu sasa ana ukubwa wa limau."

Nikaitazama simu yake mkononi mwangu.

"Uliofuata ukasema chungwa. Nilikuwa nakaanga vitunguu. Nikazima jiko, nikasoma tena. Sasa hivi wamefika kwenye papai."

Mimi na mke wangu hatujajaliwa mtoto. Tumezunguka kwa madaktari mpaka tukachoka kuzunguka, na tulikubaliana, bila kutamka, kwamba habari hiyo haitajwi ndani ya nyumba yetu. Aliyasema ya limau na chungwa bila chozi hata moja, nami nikatamani sakafu ipasuke niingie. Nilimhurumia mno. Na papo hapo, maana niliahidi kuwaambia kweli, kichwa changu kilikuwa bado kinauliza kwa nini alikaa kimya muda wote ule. Ndivyo nilivyo, siwezi kujizuia.

"Kwa nini hukuniuliza?"

"Nikuulize ili unijibu nini? Si wewe unayeniambia kila siku, usisikilize mtu anachosema, mwangalie anachofanya? Nilikuwa nakuangalia."

Kumbe nyumba nzima tulikuwa tunaviziana, mmoja jikoni, mwingine sebuleni, kila mtu na uso mkavu.

"Na umeona nini?" nikauliza.

"Nimeona mtu anayeficha simu ya ofisi chini ya mto. Nimeona mtu anayeniangalia vidole nikila." Akaichukua simu yake mkononi mwangu. "Alhamisi huyo mwanamke wako ana miadi. Tunakwenda wote wawili. Asipotokea mtu, nitakuomba radhi mbele ya benchi zima. Akitokea, mimi naenda kwa dada, na usimtume mtu kunibembeleza."

"Hatatokea," nikasema. "Hana miguu."

"Basi tutaona."

Nilifurahi, sitaki kuwaficha. Niliona nimeokoka. Nikamwomba simu tena, nikijifanya nataka kuhakiki tarehe, nikashuka chini mpaka kwenye historia ya mgonjwa, mahali ambapo mke wangu, kwa bahati, hakuonekana kupazoea.

Ziara iliyopita: amehudhuria. Uzito, na kilo zake. Iliyotangulia: amehudhuria. Uzito, kilo pungufu kidogo.

Mgonjwa wa kutungwa hapandi mzani. Na zile kilo sikuziandika mimi.

Nikamrudishia simu. "Ni Alhamisi kweli," nikasema.

Kesho yake nilimvizia Kizibao mpaka wenzetu walipotoka kwenda kula. Nikavuta kiti, nikakaa upande wa mkono wake wa kulia, ule unaoshika kipanya.

"Wale wagonjwa wetu wa majaribio," nikamwambia, "uliwafuta?"

"Wote."

"Bi Majina je?"

Mkono ukasita. Ni kidogo tu, lakini mimi nalipwa kwa kuona kidogo kama kile.

"Naye."

"Mbona anapanda mzani?"

Akafunga ukurasa uliokuwa mbele yake, akatazama mlangoni. "Umeingiaje humo?"

"Nijibu kwanza."

"Huyo muache."

"Nimuache vipi na mimi ndiye niliyemtunga?"

"Nakwambia kama ndugu yangu, muache. Kabonyeze vitufe vyako."

Kizibao hajawahi kuniita ndugu tangu tufahamiane. Nikatoka pale na mashaka makubwa kuliko niliyoingia nayo. Ningeweza kwenda kwa meneja, lakini meneja angefungua habari za Bi Majina na kukuta sura yangu, siyo ya Kizibao. Nikaanza kushuku kwamba Kizibao anajua hilo, na kwamba ndiyo sababu akamchagua huyo kati ya wagonjwa wote. Kumchagua kwa nini, sikujua.

Nyumbani mke wangu akaniuliza kama nimeulizia.

"Nimeulizia. Hitilafu ya mfumo tu."

"Hitilafu," akasema.

"Ndiyo. Hutokea."

Akaendelea kupanga vyombo. Ulikuwa uongo wangu wa kwanza katika mkasa wote huu, na niliutoa ili kuulinda ukweli. Mkinicheka, chekeni.

Alhamisi tukafika kliniki mapema. Ukumbi wa kusubiria ulikuwa na mabenchi ya mbao, sakafu inanuka sabuni, pangaboi linazunguka kwa uvivu na kugonga kila linapofika upande mmoja. Ukutani palikuwa na tangazo la programu yetu lenye mama anayetabasamu na simu. Nilishiriki kulichagua lile tangazo. Mke wangu akachagua benchi la katikati, mahali pa kuona kila anayeingia. Mimi nikakaa kando yake na kuanza kushuku matumbo.

Aliingia mmoja na mama yake. Si huyu, nikasema moyoni. Akaingia mwingine na mumewe, wanashindana nani amesahau kadi. Si huyu pia. Akaingia msichana mwenye miwani, peke yake, akanitazama, nikageuza uso haraka. Akapita, akaenda kukaa mbele na kutoa kitabu.

"Unamjua?" mke wangu akauliza.

"Simjui."

"Mbona umeshtuka?"

"Sijashtuka."

Alikuwa ananiangalia mikono. Nikaiweka juu ya magoti nikaituliza, na kuituliza kwenyewe kukanitia wasiwasi.

Nesi alikuwa mama mnene mwenye sauti iliyozoea umati. Kishikwambi kilikuwa mkononi, anaita majina kama yalivyoandikwa kwenye programu. Wakaitwa watu, wakaingia, wakatoka. Wengine walikuja getini bila kuandikishwa, tukasikia mlinzi akiwaeleza kwa upole kwamba nafasi zimejaa, waende hospitali kubwa. Mmoja alibishana sana kisha akanyamaza, na ule ukimya ulikuwa mbaya kuliko mabishano.

Ndipo nesi akavuta pumzi na kuanza kusoma jina refu.

Ni mimi niliyependekeza ofisini kwamba jina la mgonjwa lisikatwe hata likiwa refu vipi, nikasema kumkata mtu jina ni kumkosea heshima. Nesi akalisoma lote, la kwanza mpaka la tano, watu wakaanza kuguna kwa kicheko. Alipomaliza, kimya.

Hakusimama mtu.

Akarudia, safari hii kwa haraka. Kimya tena. Pangaboi likagonga. Nikahisi kitu kinafunguka kifuani mwangu, nikamtazama mke wangu. Macho yake yalikuwa yamelowa. Mkono wake ukaja polepole ukatua juu ya wangu, kwa mara ya kwanza tangu siku ile ya nguo kitandani.

"Basi," akaanza, "mume wangu, mimi..."

"Abee," ikasema sauti nyuma yetu. "Nipo nesi, nilikuwa chooni."

Akaja akipita katikati ya mabenchi, mkono mmoja umeshika kiuno. Mwanamke wa makamo hivi, gauni la kijani, viatu vimemzidi kiasi kwamba anaviburuta. Tumbo halikuwa la kutungwa. Alipofika usawa wetu macho yake yakaangukia usoni kwangu, na hapo hakusita hata kidogo. Alinitambua. Ile sura yangu kwenye programu ameitazama, nikajua, kuliko hata mke wangu alivyoitazama.

Mkono wa mke wangu ukaondoka juu ya wangu.

Nesi akakitazama kishikwambi. Akaniangalia mimi. Akakitazama tena, akatabasamu kwa uso mzima.

"Kumbe leo na wewe baba umekuja," akasema. "Hongera. Kila siku namwuliza mkeo, mume yuko wapi, anasema kazini. Sasa mbona umekaa na watu wengine? Njoo, mnaingia wote."

Ukumbi mzima ukanigeukia.

"Nesi," nikasema, "kuna makosa. Mimi simjui huyu mama."

"Humjui?"

Yule mwanamke akainamisha uso. "Tumegombana kidogo nyumbani," akamwambia nesi, kwa sauti ya chini lakini kila mtu akaisikia. "Lakini amekuja. Msimlaumu."

"Wanaume," akasema bibi mmoja wa benchi la nyuma, na wengine wakaitikia kwa kutikisa vichwa.

Mke wangu akasimama. Akalinyoosha gauni lake, akasogea pembeni, akamwonyesha yule mwanamke mahali alipokuwa amekaa.

"Pumzika kwanza, dada," akamwambia. "Nilikuwa nakushikia nafasi tu."

Akaondoka. Hakukimbia wala hakugonga mlango. Nikainuka nimfuate, na hapo ndipo yule mwanamke akanikamata mkono wa shati na kunisogelea sikioni kama mke anayemnong'oneza mumewe.

"Usinikane," akasema. "Nakuomba kaka yangu. Bila hili jina hawanipokei, na mtoto amekaa vibaya, wameniambia mara iliyopita. Ingia na mimi. Ukiingia nitakwambia nani alinipa."

"Kizibao?"

Vidole vyake vikakaza kwenye shati langu.

Nesi alikuwa ameacha kutabasamu. Akaja karibu, kishikwambi kimebanwa kifuani, akatuangalia mmoja baada ya mwingine. Nikaona mashaka yanaingia machoni mwake, na mashaka nayajua vizuri nikiyaona.

"Baba, nisikilize," akasema. "Hapa imeandikwa wewe ni mume wa mwenye jina hili. Kama huyu si mkeo, basi huyu si mwenye jina, na kama si mwenye jina, namtoa getini sasa hivi na kuita wakubwa. Sitaki ugomvi wa nyumbani kwenu kwenye kliniki yangu. Nijibu tu. Huyu ni mkeo au si mkeo?"

Nikatazama mlango wa nje. Hapakuwa na mtu. Kama ningekimbia, ningemkuta barabarani, ningemshika mkono, ningemwambia nimemkana mbele ya watu wote, na pengine angeniamini. Nikatazama na lile tumbo, na ile mikono iliyonishika, na viatu vile vikubwa ambavyo vilikuwa vya mtu mwingine.

Nisijisifu kwamba ilikuwa huruma peke yake. Huruma ilikuwapo, kubwa, nusura inilize. Lakini chini yake kulikuwa na ule ugonjwa wangu wa siku zote, kutaka kujua nani amefanya nini nyuma ya mgongo wangu. Nikajiambia nitaingia, nitasikia jina moja tu, halafu nitakwenda kwa mke wangu na ukweli wote mkononi.

"Ni mke wangu," nikasema.

Nilisema kwa sauti, ili nesi asiwe na shaka.

Akashusha pumzi, akafungua mlango wa chumba cha daktari. Yule mwanamke akaniachia shati. Nikageuka nimpishe atangulie, na nilipogeuka nikamwona mke wangu.

Alikuwa amerudi. Amesimama hatua chache nyuma yangu, mkono mmoja kwenye benchi, anahema kidogo kama mtu aliyerudi kwa haraka. Sijui alirudia nini. Nadhani alirudi kuniamini.

Tukatazamana. Nikafungua mdomo, na kila nilichotaka kusema kingesikiwa na nesi.

"Ingieni," mke wangu akatuambia, mimi na Bi Majina. "Msimcheleweshe nesi."